Farasi wa Kushoto

Mgeni aliingia bila kubisha, amekumbatia sanduku la mbao kifuani kama mtu aliyebeba mtoto mwenye homa. Vumbi la njiani lilikuwa limemjaa hadi kwenye nyusi. Alilitua sanduku juu ya meza, juu ya karatasi zenyewe, akashusha pumzi.

"Namtafuta dereva mmoja," alisema. "Enoch Tandy, wa kikosi cha uchukuzi. Wameniambia nikuulize wewe."

Sajini Huw Prosser wa polisi wa jeshi alilisukuma sanduku pembeni kabla ya kujibu. Karatasi zilizokuwa chini yake zilikuwa jalada la Tandy. Alikuwa ametakiwa alifunge kabla ya jioni.

"Wewe ni nani wake?"

"Si nduguye. Naitwa Ambrose Thwaite, napiga picha zinazotembea. Nilimpiga pale kwenye kivuko cha Skaapspruit, yeye na farasi wake. Aliniuliza kama ataiona. Nikamwahidi kwamba nikipita tena huku nitamwonyesha. Basi nimepita."

"Umechelewa kidogo, bwana. Anapigwa risasi kesho alfajiri."

Thwaite alikaa juu ya kreti la biskuti bila kukaribishwa. Nje, mtu alikuwa akigongomea kiatu cha farasi, na milio ya nyundo ilipita ukutani mmoja mmoja.

"Kwa kosa gani?"

Prosser alimweleza kwa sauti ambayo angeitumia kusoma orodha ya mablanketi. Msafara wa magari ya farasi wawili wawili ulivuka kijito cha Skaapspruit. Ng'ambo ya kijito njia inagawanyika mara tatu. Ya katikati inakwenda mstari wa mbele, na magari yote yalifuata hiyo, isipokuwa la mwisho. Hilo la mwisho, la Tandy, lilibeba masanduku ya dawa ya hema za homa ya matumbo. Lilitakiwa likate kulia, kwenye hospitali iliyo kando ya reli. Badala yake lilikata kushoto, kuelekea shamba la adui, la Makaburu. Jioni Tandy alirudi na gari tupu. Hospitali haikuona dawa, na kila asubuhi tangu siku hiyo makaburi mapya yalichimbwa nyuma ya hema.

"Nani aliyeliona likikata kushoto?"

"Mashahidi wawili. Sajini Dunphy wa ghala aliliona kwa macho yake. Shahidi wa pili ni wewe."

"Mimi?"

"Picha yako. Kampuni yako ya Cape Town iliwatumia maofisa nakala, zawadi. Wakaitazama bwaloni. Gari la mwisho likakata kushoto mbele ya macho yao wote, na dereva akageuka akapunga mkono uliofungwa kitambaa. Mahakama ya kijeshi haikuchukua muda. Nakala hiyo imeshapelekwa makao makuu pamoja na hukumu."

"Na wewe uliiona?"

"Sajini wa polisi haalikwi bwaloni."

Thwaite aliingiza mkono katika koti akatoa kopo la bati la duara. "Mimi ninayo nyingine. Hii nilimletea yeye."

Walikwenda dirishani. Thwaite alikunjua utepe wa filamu mwangani na Prosser akausogelea na kioo cha kukuzia ambacho alikitumia kwa alama za viatu. Vijipicha vilifuatana, kila kimoja kidogo kuliko stempu. Maji, magurudumu, migongo ya farasi. Karibu na mwisho gari moja liliyaacha mengine.

"Linakwenda kushoto," Prosser alisema.

"Ngoja." Thwaite aligeuza utepe, upande wa nyuma ukawa mbele. "Na sasa?"

Gari lilikuwa likikata kulia.

Prosser aliutazama utepe, kisha akamtazama mwenye utepe. "Huu ni mchezo gani?"

"Si mchezo. Filamu ni kama dirisha. Ukilitazama kwa ndani mlango wa jirani uko kushoto, ukilitazama kwa nje uko kulia. Ina upande unaong'aa na upande uliofifia. Anayeiweka kwenye mashine lazima ajue upi utazame taa."

"Wewe unajua?"

"Mimi ndiye niliyeipiga."

"Basi hapo ndipo tatizo lilipo. Nikimwambia Meja kwamba rafiki wa mfungwa ameigeuza filamu kwa mkono wake na mfungwa akawa hana hatia, atanipa kikombe cha chai na kunionyesha mlango. Na chai hatanipa. Nieleze kitu kimoja. Ulikuwa pale. Gari lilikwenda wapi?"

Thwaite alikunja utepe polepole. "Sikuona."

"Hukuona? Ulikuwa umeielekeza kamera huko huko."

"Sajini, nikizungusha mkono wa kamera mimi si mtu, mimi ni mkono. Naimba wimbo wa kanisani moyoni ili mwendo usibadilike. Jicho liko kwenye jua, lisiingie wingu. Nilisikia maji, nikasikia farasi. Nilipomaliza kulikuwa na vumbi tu."

Prosser alichukua kofia yake. "Twende kivukoni."

*

Kivuko kilikuwa karibu na kambi. Prosser alitembea akichechemea mguu wa kulia, na Thwaite alipunguza mwendo bila kusema kitu. Uwanda ulikuwa tambarare pande zote, nyasi kavu, hakuna mti wala jiwe la kumwambia mtu yuko upande gani. Ng'ambo ya maji njia tatu zilitawanyika, na ya kushoto na ya kulia zilifanana kama mapacha.

Thwaite alitafuta juu ya ukingo. Matope ya siku ile yalikuwa yamekauka, na matundu matatu ya miguu ya kamera yalikuwa bado yapo.

"Hapa. Walinipita ubavuni, wakateremka majini, wakapanda upande wa pili. Niliwapiga picha kwa nyuma."

"Kwa hiyo kushoto kwao ni kushoto kwako."

"Ndiyo."

Prosser alisimama juu ya matundu yale. Alikuwa ameshawahi kufika kwenye shamba lile la Makaburu, siku iliyofuata wizi. Mjane wa pale alimkabidhi ubao uliotoka kwenye kreti la jeshi, ukiwa umezibia banda la kuku, na mahakama iliupokea ubao ule kwa furaha. Hakuna aliyetaka kusikia kwamba ulikuwa na mavi ya kuku ya miezi mingi. Prosser aliliandika hilo katika taarifa yake, na aya hiyo ikafutwa.

Msafara wa asubuhi ulikuwa ukija nyuma yao. Magari ya farasi wawili wawili yaliwapita ubavuni, yakateremka majini. Madereva walikuwa wamepanda, kila mmoja juu ya farasi mmoja na kumwongoza mwenzake kwa hatamu. Mmoja wao alimwona Prosser akapaza sauti.

"Sajini Prosser! Umerudi kazini? Kuna gari hapa halina dereva mzee!"

"Lichunge lisikupande wewe!"

Madereva walicheka. Prosser hakucheka. Alikuwa ameinama akisugua goko la mguu wake wa kulia, mahali ambapo mti wa gari, ule upitao kati ya farasi wawili, ulimvunja enzi za udereva wake, siku moja alipopanda bila kuvaa chuma cha mguu. Alisugua, akaacha. Aliwatazama madereva wakipanda ukingo wa pili, mgongo baada ya mgongo.

"Nipe utepe."

Aliuinua kuelekea jua. "Ushike kama walivyouona wao. Gari la mwisho liende kushoto."

Thwaite aliushika hivyo. Prosser aliweka kioo jichoni, akasogea kutoka kijipicha hadi kijipicha.

"Farasi yupi amepandwa?" aliuliza.

"Wapi?"

"Gari la kwanza. La pili. Yote. Farasi yupi ana mtu mgongoni?"

Thwaite alikodoa macho. "Wa kulia."

"Sasa watazame wale."

Ng'ambo ya kijito msafara mzima ulikuwa ukiondoka. Kila dereva alikuwa amepanda farasi wa kushoto. Farasi wa kulia wote walikuwa migongo mitupu.

"Jeshini dereva hupanda wa kushoto," Prosser alisema. "Siku zote. Mguu wa kulia ndio unaobaki katikati, karibu na mti wa gari, ndiyo maana tunapewa chuma kimoja tu, cha mguu wa kulia. Hakuna dereva aliyewahi kupanda wa kulia, hata akilewa. Anaweza kukosea njia, akamkosea mkewe, lakini farasi wa kupanda hamkosei." Alimrudishia Thwaite utepe. "Ugeuze, mpaka wakae wanapokaa."

Thwaite aliugeuza. Madereva wote wakahamia farasi wa kushoto, na gari la mwisho likakata kulia.

"Hospitali," alisema.

"Angalau njia ya hospitali. Dawa hazikufika. Sasa tumuulize mwenyewe."

*

Mahabusu ilikuwa stoo ya zamani ya sufu, na harufu ya kondoo ilikuwa haijatoka ndani yake. Mlinzi alifungua mlango.

"Hasemi, afande. Jana kasisi alimaliza zaburi mbili, yeye akamuuliza kama shayiri ya farasi imefika."

Tandy alikuwa kijana mwenye mabega ya mtu aliyekua akivuta mashua za makaa ya mawe kwenye mfereji. Alikuwa amekaa chini, biskuti haijaguswa kando yake. Thwaite alibaki nje. Prosser alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa.

"Tandy, ulikata njia ipi?"

"Wanajua, afande."

"Nakuuliza wewe."

"Walisema picha imeona." Sauti yake haikuwa na uchungu wowote. "Nilitaka kusema kulia. Halafu nikafikiri, mimi nina macho mawili tu, na nilikuwa nimechoka. Labda nilikata kushoto. Kila mtu ameona isipokuwa mimi."

"Bwana wa picha amekuja."

Kwa mara ya kwanza Tandy aliinua uso. "Ana picha ya Bess?"

"Bess ni nani?"

"Farasi wangu. Yule wa kijivu. Tulitoka naye nyumbani, alikuwa wa mkokoteni wa baba. Alikufa kwa ugonjwa wa farasi wiki ile ile waliyonikamata. Walimburuta wakampeleka kwenye shimo kabla sijamwona." Alitazama biskuti. "Yule bwana alisema ndani ya picha wanatembea."

Prosser alisikia mlinzi akikohoa nje. Hakuwa mtu wa kuahidi. Katika kazi yake ahadi zilikuwa za wanasheria na za wagonjwa.

"Nieleze kila kitu tangu kwenye maji," alisema, "na utamwona akitembea. Leo, kwa macho yako mawili hayo hayo. Neno langu."

Tandy alifikiri. Kisha akaeleza bila haraka, kama mtu anayesimulia siku ya mtu mwingine. Alivuka wa mwisho. Alimwona bwana wa picha akampungia mkono. Akakata kulia. Karibu na reli, kwenye banda la mizigo, Sajini Dunphy alikuwa akimngoja. Dunphy alimwambia hospitali imejaa, dawa zishushwe pale, yeye atazifikisha. Tandy alishusha masanduku, akawanywesha farasi, akarudi.

"Kwa nini hukumtaja?"

"Nilimtaja kwa afisa wangu wa utetezi. Akasema nisimchafue sajini kwa uongo, picha ipo."

"Ulipunga mkono upi?"

Tandy aliinua mkono wa kulia. Kwenye kiganja kulikuwa na kovu jipya, umbo la nusu duara. "Tinker aliniuma asubuhi ile. Yule mwingine, wa kahawia. Ana wivu."

*

Sajini Dunphy alikuwa ghalani, ameketi kati ya magunia, akila nyama ya kopo kwa ncha ya kisu. Alikuwa mtu mnene, mcheshi, na jeshi zima lilimpenda kwa sababu jeshi zima lilihitaji sukari.

"Ndugu Prosser! Mwelshi wangu! Keti. Umekuja kuomba sabuni au toba?"

"Nimekuja kufunga jalada. Kuna pengo dogo."

"Ziba kwa mate. Kesho asubuhi litakuwa limezibwa kwa risasi."

"Taarifa yako ya kwanza, siku ya wizi, ilisema hukuona gari lilikokwenda kwa sababu ya vumbi. Ya pili inasema uliliona likikata kushoto. Kwa nini?"

"Mtu hukumbuka." Dunphy alifuta kisu kwenye suruali. "Usiku hulali, unakumbuka."

"Ya pili uliitoa baada ya picha kuonyeshwa bwaloni."

"Sadfa. Nilikuwa pale nagawa mvinyo, wala picha sikuitazama vizuri. Maofisa wana vichwa vikubwa."

"Vizuri. Basi nataka kuandika ulichokiona kivukoni, si bwaloni. Ulisimama wapi?"

"Ukingoni, nyuma yao."

"Ulimjuaje kuwa ni Tandy?"

"Kitambaa mkononi. Alipunga kama bibi harusi."

"Mkono upi?"

"Wa kushoto. Nimeshaapa hilo."

"Na farasi? Wake ni mmoja wa kijivu, mmoja wa kahawia."

"Najua. Farasi wa kijivu kulia, wa kahawia kushoto. Andika. Kijivu alikuwa na yule mwizi mgongoni. Unaona nilivyo na kumbukumbu?"

Prosser aliandika neno kwa neno, akageuza karatasi, akampa kalamu. Dunphy aliisoma, akatia sahihi yenye mkia mrefu.

"Jack," Prosser alisema, akipuliza wino ukauke. "Umekaa na farasi wa jeshi mwaka mzima. Dereva hupanda yupi?"

Dunphy alitafuna. Akameza. Nje ya ghala gari lilikuwa likipita, na macho yake yalilifuata kupitia mlango wazi, kwanza bila kujali, kisha kwa kujali sana.

"Wa kushoto," alisema taratibu.

"Siku ile alipanda wa kushoto. Na kovu lake liko mkono wa kulia, nimetoka kulitazama sasa hivi. Kilichopinduka ni picha ya bwaloni tu. Mtu aliyesimama kivukoni asingeona ulichokiona wewe. Angekiona tu mtu aliyesimama bwaloni mbele ya shuka la picha, ameshika chupa."

Dunphy aliitazama nyama iliyobaki koponi. Hakukana. Alilifunika kopo vizuri, kama mtu anayejiwekea ya kesho.

"Dawa ziko wapi?"

"Mwelshi," Dunphy alisema, "wewe hukuwahi hata kuomba sukari ya ziada. Nilipaswa kukuogopa."

*

Meja Carnegy, mkuu wa kambi, alisikiliza akiwa amesimama. Thwaite alikuwa ameshikilia utepe dirishani na Prosser akaeleza mara mbili.

"Umeigeuza tu," Meja alisema. "Hata mimi naweza kuigeuza."

"Ndiyo, afande. Bwaloni mashine iliwekwa wapi?"

"Nyuma ya shuka. Ilikuwa inatoa moshi na harufu mbaya. Fundi tuliyemkodi mjini alilowesha shuka maji ili mwanga upenye, sisi tukakaa mbele."

Thwaite alifumba macho. "Akaiweka filamu kama vile mko upande wake," alisema. "Taa ikitokea nyuma, filamu lazima igeuzwe. Mafundi waliozoea picha za vioo, zisizotembea, hulisahau hilo kila mara. Kama kungekuwa na maandishi popote mngeyaona yamepinduka. Lakini nyuma ya magari yale hakuna maandishi, kuna matope tu."

"Hilo ni neno lako."

"Basi tumwache bwana huyu na maneno yake," Prosser alisema. "Naomba utazame nje, afande. Kisha utazame tena hapa."

Meja alitazama nje. Gari la maji lilikuwa likivuka uwanja, dereva juu ya farasi wa kushoto, chuma kiking'aa kwenye mguu wake wa kulia. Meja aliinama kwenye kioo. Alikaa hapo muda mrefu. Alipoinuka alikuwa mzee kidogo.

"Bwaloni nilikaa safu ya mbele kabisa," alisema. "Wote pale tumekulia juu ya farasi. Unajua nilikuwa natazama nini, Sajini? Maji. Sijawahi kuona maji ya picha yakitembea. Nilitaka yaje tena."

Meja aliketi, akaandika simu ya maandishi ya kusimamisha hukumu, akaisoma, akampa mjumbe. Akaandika ya pili, ya kumkamata Dunphy na kupekua banda la reli. Kisha akanyoosha mkono kwa Thwaite.

"Filamu."

"Afande, hiyo ni ya Tandy. Nilimwahidi—"

"Ni kielelezo sasa. Nakala yao makao makuu wataiweka kinyume tena, na tena mtu atahukumiwa. Hii itakwenda na barua yangu kwa treni ya saa kumi, imefungwa na kutiwa lakiri. Haitawekwa kwenye mashine yoyote hapa. Vitu hivi vinashika moto kwa kutazamwa tu." Alimgeukia Prosser. "Wewe utaipeleka stesheni kwa mkono wako. Ikikosa treni, usinitafutie sababu. Vua tepe zako za usajini, uniletee pamoja na filamu."

"Ndiyo, afande."

Walitoka. Jua lilikuwa limeshaanza kuegemea upande wa reli, na mbali, kwenye bomba la maji, treni ilikuwa ikinywa.

"Mashine yako inachukua muda gani kuitayarisha?" Prosser aliuliza.

Thwaite alimtazama. "Sanduku linalopiga ndilo linaloonyesha. Taa tu ndiyo inayosumbua. Lakini Sajini, treni—"

"Nimeuliza kuhusu mashine."

"Kwa haraka tutakosa treni kidogo. Kwa utaratibu tutaikosa kabisa. Nikiharakisha, inaungua."

"Fanya kwa utaratibu."

*

Waliziba dirisha la mahabusu kwa mablanketi na kutundika shuka la hospitali kwenye misumari ya sufu. Mlinzi aliomba abaki, akaambiwa abaki na ndoo ya mchanga. Thwaite aliweka mashine mbele ya shuka, upande ule ule waliokaa watu. Aliupitisha utepe mara mbili vidoleni, akatafuta upande uliofifia, akauelekeza kwenye taa. Taa ilitoa mlio mdogo wa gesi.

Tandy alikaa sakafuni. Alikuwa ameambiwa kwamba hatapigwa risasi. Aliitikia "Ndiyo, afande," na akauliza kama akae karibu au mbali.

"Karibu," Thwaite alisema. "Ni fupi."

Akaanza kuzungusha mkono. Midomo yake ilichezacheza, akiimba bila sauti.

Maji yalitokea ukutani. Magari yalipita ubavuni, yakateremka, yakapanda, moja baada ya jingine, madereva juu ya farasi wa kushoto. Vumbi likasimama, likatulia. Kisha gari la mwisho. Farasi wa kijivu aliingia majini akiwa na mtu mgongoni, akasimama kidogo katikati ya kijito kana kwamba anafikiria kunywa, akaguswa, akaendelea. Alipotoka ng'ambo alijikung'uta maji, masikio yakapigapiga, na mtu yule akageuka akapunga mkono wa kulia.

Wakakata kulia. Shuka likawa jeupe.

Mbali, treni ilipiga honi, ikaanza kukokota mabehewa. Mlinzi alimtazama Prosser. Prosser alikuwa ametoa kisu kidogo na kukata uzi wa tepe za cheo kwenye mkono wa koti lake, mshono mmoja mmoja, ili kitambaa kisichanike.

"Hivyo ndivyo alivyokuwa akijikung'uta," Tandy alisema. "Hata nyumbani. Mama alikuwa akimfokea, maji yanaruka hadi kwenye nguo alizoanika."

Uso wake ulikuwa umelowa. Hakuonekana kujua.

"Afande, naweza kumwona mara moja tena?"

Thwaite alimtazama Prosser. Prosser aliweka tepe zake tatu juu ya kopo la bati, akalisawazisha zisianguke.

"Treni imeshakwenda," alisema. "Rudisha mwanzo."